Ngagi wawili, kasuku mmoja na katoto ka jirani

Leo ninaomba tuongelee kitu ambacho karibu sisi wote tunafanya na hakuna anayekiandika kwenye CV yake. Ni saa tano usiku, umeme umekatika, mega zimebaki kidogo. Ile barua ya kuomba kazi haijaisha. Badala ya kuimalizia, tunaangalia kapusi kanalala ndani ya kiatu. Kisha kambwa kanaogopa kivuli chake. Kisha mtoto wa miezi sita anacheka juu baba yake anapasua karatasi. Mukistuka, ni saa saba.

Mimi ni mmoja wenu. Nilimaliza lisansi ya pedagojia miaka miwili iliyopita, hapa Bukavu, na tangu siku ile nimeangalia tupusi twingi kuliko matangazo ya kazi. Siandiki ili kumucheka mtu. Kuna usiku ambapo habari za huku kwetu hazikuwa habari za kulalia, na kavideo kamoja ka mtoto wa tembo anayeteleza kwenye matope njo kalinisaidia kufunga macho. Hiyo ni faida ya kweli, siwezi kuikana.

Lakini walimu wetu wa fasihi walitufundisha kwamba kitu unachokipenda lazima ukisome mara ya pili. Nilifanya hivyo na picha moja, kisha na video mbili tatu, na mwisho nikajikuta mbele ya video niliyoipiga mimi mwenyewe. Hapo sikucheka tena. Nitawaeleza kwa utaratibu.

Picha ya Rumangabo

Munaikumbuka. Ni mwezi wa nne 2019. Mlinzi wa Parki ya Virunga, Mathieu Shamavu, anajipiga picha kwa simu. Yeye yuko mbele. Nyuma yake kuna ngagi wawili, Ndakasi na Ndeze. Mmoja amesimama wima kwa miguu miwili, tumbo mbele, mikono imelegea, sawa mama mkubwa anayengoja foto ya arusi. Mwenzake ameinama kidogo, sawa mtu anayeogopa asikatwe kwenye picha. Shamavu aliiweka kwenye mtandao na maneno mafupi, kwamba hiyo ni siku nyingine tu ya kazi. Ndani ya siku chache ilikuwa imezunguka dunia.

Kwa nini picha hii inafanya kazi vizuri hivi? Mimi naona sababu tatu. Ya kwanza ni ile miili: wanyama wakubwa wa msituni wamesimama sawa wafanyakazi wa ofisi. Ya pili ni uso wa Shamavu, ambao hauna mshangao hata kidogo. Anaangalia kamera sawa vile walio nyuma yake ni wenzake wa zamu. Angecheka, picha ingekufa. Ya tatu ni vile ambavyo havimo: hakuna uzio, hakuna silaha, hakuna damu. Kwa watu wa mbali ambao jina la Kongo wanalisikia paka wakati wa vita, hapa kulikuwa na Kongo ya kuchekesha. Ata sisi wenyewe tuliona fahari. Kwa mara moja jina letu lilitembea bila kubeba maiti. Niliiweka iwe picha ya mbele ya simu yangu, ikakaa karibu mwaka mzima.

Sasa tuisome mara ya pili. Wakati ule ule watu wa parki walieleza kwamba ngagi hao wanasimama vile juu wanaiga watu waliowalea. Ngagi anaweza kusimama wima kwa muda mfupi, lakini mwendo wake wa kawaida ni kwa miguu na mikono, akijikaza juu ya vifundo vya vidole. Nani basi aliwapa walezi wa kibinadamu? Mwaka 2007 Ndakasi, akiwa na umri wa miezi miwili hivi, alikutwa ameshikilia maiti ya mama yake aliyepigwa risasi. Ndeze ni yatima wa mwaka ule ule. Huo njo mwaka ngagi wa Virunga waliuawa mfululizo, pamoja na dume mkubwa Senkwekwe, ambaye watu walimbeba juu ya miti wakimteremsha mlimani. Picha ile, iliyopigwa na Brent Stirton, nayo ilizunguka dunia. Kituo cha mayatima kule Rumangabo kina jina la Senkwekwe.

Mtoto wa ngagi ananyonya karibu miaka mitatu na analala katika kiota cha mama yake. Wa miezi miwili hawezi kuishi msituni peke yake, na aliyelelewa na watu ni vigumu sana kumrudisha. Kwa hiyo Ndakasi na Ndeze walikua kati ya wanaume waliowapa maziwa kwa chupa, waliowabeba mgongoni, waliolala karibu nao usiku.

Basi rudia kuiangalia. Kile kinachotuchekesha, ule msimamo sawa wa muntu, ni alama ya kukosa mama. Wanasimama vile juu hawakubaki na ngagi mkubwa wa kuiga.

Sisemi picha ni ya uongo. Upendo ulio ndani yake ni wa kweli kabisa. Nasema tu kwamba tulicheka mahali penye kidonda, na picha ilipangwa kwa namna ambayo kidonda hakionekani. Ata yale maneno ya siku nyingine ya kazi yana uzito mwingine ukijua kazi yenyewe. Mwezi wa nne 2020, mwaka mmoja tu baadaye, karibu na Rumangabo pale pale, shambulio liliua watu 17: walinzi 12 wa parki, dereva mmoja na raia wanne. Mwezi wa kwanza 2021 walinzi sita wengine waliuawa. Picha ya ngagi niliipata katika grupu zangu zote za WhatsApp, kuanzia ya familia paka ya kanisa. Majina ya wale 12 hakuna aliyenitumia, na mimi pia sikumtumia mtu.

Ka- na tu-

Wafaransa wanasema mignon. Kiswahili cha vitabu kinatafuta neno na kinapata maneno mengi yasiyotosha: ya kupendeza, ya kuvutia, mazuri. Kiswahili chetu cha huku kina kitu kifupi zaidi, ni ile ka- ya mbele na tu- yake ya wingi. Katoto, kapusi, kambuzi, tumbwa. Ka- inapima ukubwa wa kitu, na pia inaonyesha mwili wa anayesema. Ukisema katoto, umeshainama kidogo, sauti imeshakuwa laini.

Mwaka 1943 Konrad Lorenz, mwanasayansi wa Austria aliyechunguza tabia za wanyama, aliandika kwamba kuna maumbo yanayoamsha ulezi ndani ya mtu mzima: kichwa kikubwa cha mviringo, macho makubwa, mashavu yaliyojaa, miguu mifupi minene. Ukifikiri vizuri utaona akili iliyo ndani yake. Mtoto mchanga hawezi kitu chochote. Asingekuwa mtamu kwa macho, nani angeamka mara tatu usiku kwa ajili yake? Utamu huo ni wito. Unasema: kuja, nishike.

Wito huo unafika ata kwenye vidole. Mwaka 2012 watafiti wa Chuo Kikuu cha Hiroshima, Japani, walitoa jaribio lao. Wanafunzi walioonyeshwa picha za watoto wa mbwa na wa paka walifanya kazi ya mikono kwa uangalifu zaidi kuliko walioonyeshwa mbwa na paka wakubwa. Mimi nalipenda sana jaribio hilo. Linaonyesha kwamba kitu kidogo kinachopendeza kinaandaa mikono yetu ili tusikivunje.

Lakini kuna upande mwingine. Mhakiki Mmarekani Sianne Ngai, katika kitabu chake cha 2012 juu ya aina za uzuri za siku hizi, anaonyesha kwamba kupenda kitu cha namna hii ni kupenda kitu kisicho na nguvu mbele yetu, na kwamba ndani ya upole ule mna pia ukubwa wa anayependa. Mama zetu wanajua hilo bila kitabu. Wanamshika mtoto mnono wanamwambia: "Nitakukula!" Wanacheka, mtoto anacheka, lakini kila mtu anajua nani mkubwa na nani anayeweza kuliwa.

Sasa weka simu katikati. Wito unafika: kuja, nishike. Mikono inajiandaa. Lakini hakuna cha kushika, kuna kioo tu. Kidole gumba kinabonyeza moyo, kinapandisha, na wito mwingine unakuja. Ule wa kwanza haukujibiwa, ulizimwa. Nafikiri hiyo ni sababu moja inayofanya tusishibe. Mtu aliyebeba mtoto wa dada yake mchana mzima, jioni amechoka, anamrudisha, anasema asante sana, nimetosheka. Aliyeangalia video za watoto saa mbili hajabeba mtu, bado ana njaa ile ile.

Na penye njaa isiyoisha soko halichelewi. Wanaotengeneza video hizi wanajifunza haraka ni nini kinaamsha ulezi wetu, na mara nyingi ni udhaifu, woga na upweke. Nitatoa mifano miwili.

Kuna mnyama wa misitu ya Asia anaitwa loris, ndugu wa mbali wa komba wetu, ana macho makubwa sawa taa. Karibu na 2009 video yake ilienea sana: loris ndani ya nyumba, mtu anamtekenya, yeye ananyanyua mikono yote miwili juu. Watu wakaelewa kwamba anaomba atekenywe tena, na wengi wakataka kununua wa kwao. Wanaowachunguza wanyama hao wakaja kueleza kwamba kunyanyua mikono ni namna yake ya kujilinda. Karibu na kiwiko kuna tezi. Akiiramba, maji yake yanachanganyika na mate yanakuwa sumu. Kwa lugha yake alikuwa anasema: niache, nitakuuma. Na wengi wao hawawezi tena kuuma vizuri, juu wafanyabiashara wanawakata meno kabla ya kuwauza.

Mfano wa pili ni wa kwetu: kasuku, ule wa kijivu mwenye mkia mwekundu. Munajua zile video. Kasuku anaiga mlio wa simu, mwenye nyumba anakimbia. Kasuku anamwita mbwa kwa jina kisha anamfukuza. Kasuku anamtakia bibi yake usiku mwema. Nimezicheka paka machozi. Lakini kasuku ni ndege wa makundi. Katika misitu ya Maniema na ya Tshopo jioni wanakusanyika wengi katika miti ya kulala, na kelele zile zote wanapigiana wao kwa wao. Aliye peke yake ndani ya saluni ya mtu hana wa kumjibu, kwa hiyo anajifunza lugha ya waliopo, ikiwa ni bibi, ikiwa ni simu, ikiwa ni mlango. Wengine wanajing'oa manyoya mpaka kifua kinabaki uchi.

Wategaji wa huku wanajua njia ya kumpata. Wanapaka gundi kwenye matawi, wanafunga kasuku mmoja hapo awaite wenzake. Wengi wanakufa njiani ndani ya masanduku. Mwaka 2016 nchi zilizokutana Johannesburg katika mkataba wa CITES ziliamua kuzuia biashara ya kimataifa ya kasuku hao wanaotegwa porini, na katazo lilianza mwezi wa kwanza 2017. Kuna wanaozaliwa ndani ya vizimba, ni kweli, na si kila mwenye kasuku amenunua wa msituni. Lakini ata aliyezaliwa kizimbani anazaliwa na hamu ya kundi. Anaposema usiku mwema kwa Kiingereza, mimi nasikia nafasi ambayo kundi lake lilipaswa kujaza. Ni sawa na ule msimamo wa Ndakasi.

Na sisi Wakongo hatuhitaji kwenda Asia kujifunza hili. Mwaka 1996 na 1997, watoto waliobeba bunduki katika jeshi la AFDL tuliwaita nani? Kadogo. Ile ka- ya kapusi, tuliiweka juu ya mtoto mwenye silaha. Mama yangu anakumbuka walivyopita mbele ya nyumba yetu, buti za mpira kubwa kuliko miguu. Wanawake walicheka kwa huruma, wakasema: angalieni tudogo. Nilimuuliza kama kuna aliyeuliza watoto hao wametoka wapi, mama zao wako wapi. Akanyamaza kidogo, akasema: "Tuliwaonea huruma. Kuuliza, hapana." Neno la upole lilitupatia ruhusa ya kuona udogo wao na kuishia hapo.

Video yangu

Sasa nifike kwangu.

Karibu na kwetu kuna koko anayeuza makala na tomati kwenye meza ya mbao. Ana mjukuu wa miaka sita. Jina lake sitaliweka hapa, tayari nimemweka mahali pengi. Tumwite Katoto.

Siku moja nilifika kununua makala ya franka 1,000. Koko alikuwa amekwenda kutafuta maji. Katoto alikuwa peke yake, kitenge kimefungwa kiunoni, mkono mmoja kwenye kiuno. Nikamwambia aniongezee. Akaniangalia kutoka juu paka chini, akavuta pumzi sawa mama wa miaka hamsini, akasema: "Mukubwa, unaniuwa. Wewe ulisoma, hauoni vile barabara iliharibika? Makala inatoka mbali, mukubwa. Leta ingine mia mbili, Mungu atakubariki." Kisha akatingisha kichwa na kufuta meza kwa kipande cha nguo, kwa masikitiko makubwa.

Nilikufa na kicheko. Nikatoa simu nikamwomba arudie. Akarudia, na safari hii akaongeza maneno juu ya watoto wa siku hizi wasio na heshima. Nikaiweka kwenye statu ya WhatsApp, kisha kwenye TikTok. Ndugu zangu, sijawahi kupendwa vile. Mémoire yangu ya kurasa 70 ilisomwa na watu watatu, nikijihesabu na mimi. Video hii ya sekunde 40 ilipita watu elfu kadhaa kwa siku mbili. Maneno yalikuwa matamu: huyu atakuwa waziri, huyu ana akili, mutubusie huyu mama mzee. Wengi waliomba ingine.

Nikapiga ingine. Nikapiga ya tatu. Kwa ile ya tatu, nawaambia ukweli, mimi njo nilimfundisha la kusema.

Kati ya maneno yote yale, moja tu lilikuwa tofauti. Liliandikwa na dada mmoja tuliyesoma naye. Alisema: "Prof, hii ni saa ngapi na siku gani? Hasomi?"

Nilirudi kuangalia. Video ya kwanza niliipiga siku ya pili ya juma, saa nne ya asubuhi. Mimi mwenye lisansi ya pedagojia. Niliyeandika kurasa 70 juu ya watoto wanaokatiza shule ya msingi. Nilikuwa nimesimama mbele ya mtoto wa miaka sita, saa nne ya asubuhi, siku ya masomo, nikamwomba arudie juu mwanga haukuwa mzuri.

Nilienda kwa koko. Hakukasirika. Hiyo iliniuma zaidi. Alisema: "Prof, mutoto anasema sawa muntu mukubwa juu anakaa na wakubwa. Mama yake alienda kutafuta maisha, sasa mwaka wa pili haiko na sauti yake. Mimi njo mama, mimi njo kila kitu. Ananisikia nikilia na wateja, naye analia vile." Nikamuuliza habari ya shule. Tangu 2019 shule ya msingi ya serikali ni bure, nikamkumbusha kwa sauti ya mwalimu. Akanijibu: "Bure ni ya mwalimu. Kiatu si bure. Daftari si bure. Na asubuhi nikienda kuchukua mali, nani anabaki kwenye meza?"

Basi munaona. Ile sauti ya mama wa miaka hamsini, iliyotuchekesha sisi elfu kadhaa, ilitoka pale ambapo mama hakuwapo. Nilikuwa nimeshaandika haya ya ngagi na kasuku kwenye daftari langu, nikijiona mhakiki. Sikuona kilichokuwa mbele ya simu yangu.

Niliondoa video zote tatu. Hiyo haikusaidia sana. Wengine walikuwa wameshazihifadhi, na bado zinanirudia kutoka grupu ambazo sizijui, na jina la mtu mwingine juu yake.

Tufanye nini na utamu?

Siwezi kumalizia kwa kuwaambia tuache. Kwanza hamutaniamini, na pili si kweli kwamba utamu ni adui. Nilisema ni wito, na wito wa kumlea aliye mdogo ni kitu kizuri kuliko vingi vinavyopita katika simu zetu. Afadhali usiku wangu niumalize na kapusi kuliko na maiti iliyopigwa picha bila ruhusa ya familia yake. Hiyo nayo tunaijua.

Kwa hiyo naomba tu tuwe wasomaji wazuri. Na kwa hilo nina picha ya pili, tena ya Ndakasi.

Ndakasi alikufa tarehe 26 mwezi wa tisa 2021, kule Rumangabo, baada ya kuugua kwa muda mrefu. Alikuwa na miaka 14. Alikufa akiwa mikononi mwa André Bauma, mlezi aliyekuwa naye tangu 2007. Kuna picha yao ya siku za mwisho: ngagi mkubwa amejilaza kwenye kifua cha mwanaume. Hiyo pia ilizunguka dunia, na watu wengi waliandika kwamba ni nzuri. Ni kweli, ni nzuri. Lakini uzuri wake ni wa namna nyingine. Katika ile ya 2019 tunaona matokeo ya ulezi na tunacheka. Katika hii ya 2021 tunaona ulezi wenyewe: mtu anayeshika, uzito anaoushika, na miaka 14 nyuma yake. Picha hii haituachi tucheke kisha tupite. Inatuonyesha kwamba mtu fulani alisikia wito ule ule tunaousikia sisi, akabaki.

Kwangu hiyo imekuwa kipimo. Nikiona video tamu sasa, natafuta mikono. Nani anamshika huyu mdogo? Mikono imo ndani ya picha, ao kuna paka jicho la kamera? Simu ikirudi mfukoni, nani anabaki naye? Najiuliza pia kama kile kinachonichekesha ni kitu alichonacho ao ni kitu alichonyimwa. Mara nyingi jibu ni jepesi na zuri: mtoto anacheka juu baba yake yuko pale anapasua karatasi. Hiyo naitazama mara kumi na nalala vizuri. Mara nyingine jibu ni lile la siku ya pili, saa nne ya asubuhi.

Katoto aliingia mwaka wa kwanza mwezi wa tisa. Viatu tulichanga watu wanne, ule dada aliyeuliza saa alitoa sehemu kubwa kuniliko. Asubuhi tatu kwa juma mimi njo ninakaa kwenye meza ya makala, koko akienda kuchukua mali. Zile zingine anajikaza peke yake, na kuna siku ambazo mtoto bado anakosa masomo. Wanaopita wanasema Prof amefilisika. Hawajakosea sana.

Kitu kimoja sijakipatia dawa. Nikitoa simu mfukoni, ata kama ni kuangalia saa tu, Katoto akiwa karibu anajinyoosha. Anaweka mkono kiunoni, anavuta pumzi, anaanza: "Mukubwa, unaniuwa..." Ninamwambia hapana, leo sipigi. Ananyamaza, ananiangalia, kisha anauliza kwa sauti yake ya miaka sita, ile ambayo sikuipiga hata siku moja:

"Nilikosea?"